Kinjeketile Anakumbuka Kesho

Mwaka juzi bibi yangu alikataa kuuza shamba. Ni kishamba cha nyanya pale Kalenga, karibu na Ruaha Mdogo. Mnunuzi alikuwepo na fedha mkononi, wajomba walishakubali, na sehemu ya fedha hizo ingelipa ada yangu ya shahada ya uzamili. Bibi alisikiliza mpaka mwisho, kisha akasema, "Mjukuu wangu, watoto wenu watakuwa wameshaniuliza." Hakuongeza neno. Niliahirisha masomo mwaka mzima, na miezi kadhaa nilimpigia simu kwa kujilazimisha tu.

Sentensi ile ilinikera kwanza kwa sarufi yake. Wameshaniuliza vipi, na hawajazaliwa? Lakini Kiswahili kinaruhusu. Katika "watakuwa wameuliza", tendo limekwisha kabla halijatokea. Msemaji anasimama kesho na kugeuka nyuma kututazama sisi tuliopo leo.

Wenzangu chuoni wanalijua jambo hili kupitia filamu ya Arrival ya mwaka 2016. Mwanaisimu anajifunza lugha ya wageni kutoka anga za mbali, na lugha hiyo inamfanya akumbuke yatakayotokea. Anayatenda ya leo kwa sababu ameshayakumbuka ya kesho. Mimi nilipoitazama niliwaza tamthilia niliyosoma sekondari, Kinjeketile ya Ebrahim Hussein, iliyochapishwa mwaka 1969.

Kwa kawaida tunafundishwa kuisoma kama tamthilia ya umoja. Wanyonge wa kusini wanaungana dhidi ya Wajerumani, maji yanawapa ujasiri, wanashindwa lakini mbegu imepandwa. Usomaji huu si wa uongo, ila unaruka swali gumu: kwa nini Kinjeketile anakataa mwishoni? Ameshikwa, vita vimeshindwa, na yeye mwenyewe alishaingiwa na shaka. Adui wanamtaka kitu kimoja tu, aseme kwamba maji yalikuwa uongo. Hakatai kwa sababu anaamini maji. Anakataa kwa sababu anajua wajukuu watasimuliwa nini akikubali: kwamba kupigana kwenyewe kulikuwa kosa. Anatenda kwa kumbukumbu ya watu ambao bado hawajazaliwa.

Mwaka huohuo wa 1969 John Mbiti alichapisha kitabu chake juu ya dini na falsafa za Kiafrika. Aliazima maneno mawili ya Kiswahili, Sasa na Zamani, akadai kwamba kwa fikra za jadi za Mwafrika wakati ujao wa mbali karibu haupo. Sijui kama Hussein alikuwa na habari na hoja hiyo, lakini tamthilia yake inaipinga kwa kitendo. Mfungwa anayekaribia kufa hana Sasa ya kumfaa. Zamani yake imejaa maiti. Anachobaki nacho ni kesho, tena kesho ya mbali, na hicho ndicho kinachomfunga mdomo.

Hapo nilianza kumwelewa bibi. Hata hivyo, sikutaka kumsamehe Kinjeketile haraka, na nadhani Hussein naye hataki tumsamehe haraka.

Kinjeketile Ngwale wa historia alinyongwa Agosti 1905, vita vilipokuwa ndiyo kwanza vimeanza. Hakuona mwisho wake. Hussein, ambaye mwenyewe anatahadharisha kwamba mhusika wake ni wa kubuni, anambakiza hai mpaka aone. Naliona badiliko hili kuwa ndilo uti wa mgongo wa tamthilia. Nabii anayekufa mapema hadaiwi kitu. Huyu wa Hussein anadaiwa. Na mapema kabla ya hapo ameshashtuka kugundua kwamba ujumbe uleule wa ukombozi unawaweka chini ya Sultani wa Zanzibar. Kesho aliyoletewa ilikuwa na bwana mwingine ndani yake. Kwa hiyo kumbukumbu ya kesho inaweza kututia nguvu, na inaweza pia kutudanganya. Waliolipa ni walio hai: vita vya Maji Maji na njaa iliyofuata viliua watu wanaokadiriwa kuwa kati ya 75,000 na 300,000.

Nilipomaliza kuandika hayo nilikwenda Kalenga. Kabla ya kufika kwa bibi nilipitia makumbusho, kwenye fuvu la Mkwawa ndani ya kisanduku cha kioo. Ngome yake hapa Kalenga ilianguka mwaka 1894. Akajificha na kupigana miaka karibu minne, na Julai 1898 akajipiga risasi ili asishikwe. Hakuweza kujua kwamba kichwa chake kingepelekwa Ujerumani, kingetajwa katika Mkataba wa Versailles wa 1919, na kingerudishwa mwaka 1954. Alijua jambo moja tu: hatakumbukwa akiwa na pingu.

Lakini huku kwetu huwa hatusemi yaliyofuata. Miaka saba baada ya risasi ile, Maji Maji ilipolipuka, Uhehe haukujiunga, na wapo Wahehe waliopigana upande wa Wajerumani. Waoga? Sidhani. Walishalipa, na walijua bei. Hakuna kisanduku cha kioo kinachowahifadhi hao, wala tamthilia. Kesho inakumbuka waliokataa, na inawasahau waliochoka.

Bibi nilimkuta akifunga matenga ya nyanya. Nilimsalimia, "Kamwene, bibi," akaitikia bila kuinua kichwa. Nikamuuliza: siku ile, mimi niliyekuwa nimekaa mbele yake na barua ya chuo, alinionaje?

Alinyamaza kidogo. "Nilikuona," akasema. "Iliniuma."

Nilikaa chini nikamsaidia kufunga. Nimerudi chuoni sasa, na deni la ada bado ninalo. Katika tasnifu yangu nimeandika kwamba Kinjeketile alikuwa sahihi kukataa. Sentensi inayofuata inasema kwamba alipaswa kuwatazama usoni waliokuwa mbele yake. Msimamizi wangu anataka nichague moja. Nimeziacha zote mbili.