Jina la Mmea na Mtu Aliyelitaja: Uhakiki wa Maandishi ya James Augustus Grant, 1864–1875

Ikisiri
Makala hii inahakiki maandishi mawili yaliyotokana na safari ya James Augustus Grant kutoka Zanzibar hadi Misri: kitabu chake cha safari cha mwaka 1864 na taarifa ya mimea iliyochapishwa kati ya mwaka 1872 na 1875. Hoja kuu ni kwamba Grant alikuwa msikilizaji makini wa majina ya mimea, lakini mpangilio wa maandishi hayo ulihifadhi jina na kumpoteza mtu aliyelitaja. Upotevu huo una uzito leo, kwa sababu sera za kugawana manufaa ya maarifa ya jadi zinadai kwanza ajulikane mwenye maarifa.

1.0 Utangulizi
Grant alizaliwa mwaka 1827 huko Nairn, Uskoti, akasoma Marischal College mjini Aberdeen, kisha akajiunga na jeshi nchini India mwaka 1846. Mwaka 1860 aliondoka Zanzibar pamoja na John Hanning Speke. Msafara wao ulipita Uzaramo, Ugogo, Unyamwezi, Karagwe, Buganda na Bunyoro, ukafika Gondokoro Februari 1863. Katika historia ya uvumbuzi Grant hutajwa kwa ufupi, kwa kuwa Speke ndiye aliyefika Julai 1862 mahali ambapo Nile hutoka ziwani, wakati mwenzake ameelekezwa njia ya Bunyoro. Katika historia ya mimea nafasi zao hubadilika. Grant ndiye aliyekusanya, akakausha, akaandika majina na matumizi, na akaishi muda wa kutosha kuona mkusanyo wake ukichapishwa. Speke alifariki Septemba 1864.

2.0 Matembezi ya Aliyebebwa
Kitabu cha mwaka 1864 kinaitwa A Walk Across Africa, yaani matembezi ya kuikata Afrika. Jina hilo lilitokana na kauli ya Palmerston, waziri mkuu wa Uingereza, aliyemwambia Grant kuwa alikuwa ametembea mwendo mrefu. Ni jina la unyenyekevu, na kitabu chenyewe kina utulivu ambao hauonekani katika kile cha Speke. Grant anatazama mashamba, mapishi, mavazi na nyimbo. Hata hivyo, hakuepuka lugha ya dharau iliyokuwa kawaida kwa Wazungu wa wakati wake, na msomaji wa leo hana sababu ya kuifumbia macho.

Lakini jina la kitabu linaficha jambo. Kuanzia Januari hadi Aprili 1862 Grant alibaki Karagwe, katika himaya ya Mfalme Rumanyika, akiuguza mguu wenye kidonda kikubwa. Alipoondoka kwenda Buganda, alibebwa kwa machela. Karagwe ni miongoni mwa mahali panapotajwa katika taarifa ya mimea. Mtu asiyeweza kusimama hawezi kupanda vilima kuchuma maua. Kwa hiyo ni haki kuhitimisha kwamba sehemu ya mkusanyo huo ilichumwa na miguu ya wengine na kuletwa kitandani kwake. Lebo ya kisayansi haina nafasi ya kueleza hilo, kwani mkusanyaji anayeandikwa ni mmoja, naye ni Grant.

3.0 Safari ya Neno
Kilicho kweli kwa mmea ni kweli zaidi kwa jina lake. Mtu muhimu katika mawasiliano ya msafara alikuwa Sidi Mubarak Bombay, Myao aliyetekwa utotoni, akauzwa na kupelekwa India, kisha akarudi Afrika akiwa huru. Bombay alizungumza na Speke na Grant kwa Kihindustani, lugha ambayo maofisa hao waliijua kutokana na utumishi wao India. Pamoja na wapagazi na watu wa bara alitumia Kiswahili. Mahali ambapo Kiswahili hakikutosha, alihitajika mkalimani mwingine. Jina la mti lililotajwa na mkulima wa Karagwe lingeweza basi kupita katika vinywa viwili au vitatu kabla ya kufika kwenye daftari, ambako liliandikwa kwa tahajia ya Kiingereza isiyokuwa na kanuni.

Neno mbugu ni mfano unaofaa. Katika maandishi ya msafara neno hilo linataja nguo ya gome iliyovaliwa Buganda. Waganda wenyewe huita nguo hiyo lubugo, na mti unaotoa gome huuita mutuba. Kwa Kiswahili, mbugu ni mmea unaotambaa. Mtafiti anayelikuta neno hilo bila kujua njia lililopitia anaweza kulipeleka kwenye lugha isiyo yake na kwenye mmea usio wake. Kosa la namna hii halitokani na uzembe wa Grant. Linatokana na kuandika neno la mwisho la mnyororo na kuuacha mnyororo wenyewe.

4.0 Alfabeti na Njia
Taarifa ya mimea ilitoka katika juzuu ya 29 ya jarida la Linnean Society ya London. Utambuzi wa mimea ulifanywa na Profesa Daniel Oliver na wenzake wa Kew. Grant aliandika dibaji, maelezo na orodha ya majina ya wenyeji kwa mfuatano wa alfabeti. Orodha hiyo inastahili sifa. Mkusanyaji angeweza kuridhika na jina la Kilatini, kwa kuwa sayansi ya wakati huo haikumdai zaidi. Grant aliona kwamba mmea una jina kabla ya kufika Kew.

Hata hivyo, alfabeti ilifanya kazi ambayo huenda hakuikusudia. Iliweka jirani maneno yaliyotajwa mamia ya maili mbali, na watu wasioelewana lugha. Njia ya safari, ambayo ndani ya kitabu cha 1864 inamwonyesha msomaji nani alikuwa wapi, inavunjika. Hata pale lugha ya neno inapotambulika, msemaji hatambuliki: kama ni mganga, mfinyanzi, mwanamke shambani au mpagazi kutoka pwani. Maarifa ya watu hao hayafanani. Anayejua jina la mti kwa sababu ya kuni hajui lazima dawa yake.

Inaweza kujibiwa kwamba si haki kumdai mtu wa karne ya 19 adabu ya utafiti ya karne ya 21. Jibu hilo lina uzito kwa Grant, lakini halina uzito kwa wanaotumia orodha yake leo kana kwamba ni kumbukumbu kamili.

5.0 Maana kwa Sera
Itifaki ya Nagoya ya mwaka 2010 inataka ridhaa ya jamii zenye maarifa ya jadi yanayohusiana na rasilimali za kijenetiki, na mgawanyo wa haki wa manufaa. Orodha isiyo na wasemaji haiwezi kuthibitisha maarifa ni ya jamii ipi. Kwa hiyo kurejeshewa picha za kidijitali za sampuli za Kew, ingawa ni jambo jema, hakutoshi.

Mambo matatu yanafaa kuzingatiwa. Kwanza, maandishi mawili ya Grant yasomwe sambamba, ili kila jina lirudishwe kwenye kituo cha safari lilikoandikwa. Pili, majina hayo yapelekwe kwa wazungumzaji wa Kinyamwezi, Kinyambo, Kiganda na Kinyoro kabla ya kuingizwa katika kamusi au istilahi za Kiswahili. Tatu, hifadhi za mimea za kanda hii ziweke kwenye lebo zao mpya nafasi ya lugha na ya msemaji, kwa ridhaa yake.

6.0 Hitimisho
Grant aliuliza mti unaitwaje, akaandika jibu, na kwa hilo anastahili shukrani. Hakuandika nani alijibu. Hifadhi inayokusanya mimea leo bila kujaza nafasi hiyo inarudia pengo lake, nayo haina udhuru aliokuwa nao.