Utafiti Unaosikiliza Wazazi wa Kusini

Ethnografia, yaani njia ya utafiti ambayo mtafiti hukaa na watu, akatazama wanavyoishi na kuwasikiliza wakieleza mambo yao wenyewe, iliingizwa katika uuguzi na Madeleine Leininger, muuguzi wa Marekani aliyesomea anthropolojia. Lakini thamani yake huonekana waziwazi katika mikoa ya Mtwara na Lindi, kusini mwa Tanzania. Huko watafiti wa Taasisi ya Afya ya Ifakara, akiwamo Mwifadhi Mrisho, waliwahoji kwa kina akina mama na wakunga wa jadi kuhusu saa za kwanza za mtoto aliyezaliwa nyumbani, na katika matokeo yaliyochapishwa mwaka 2008 walieleza kwamba mtoto huogeshwa mara tu azaliwapo, jambo linalompotezea joto analolihitaji mno. Dodoso, yaani orodha ya maswali iliyopangwa tayari, huweza kuhesabu watoto walioogeshwa; sababu za kuwaogesha hupatikana kwa mazungumzo, tena marefu. Ufahamu huo ulisaidia kuandaa INSIST, mradi wa kunusuru maisha ya watoto wachanga, ambao kuanzia mwaka 2010 wahudumu wake wa kujitolea waliwatembelea wajawazito majumbani. Katika kata kama Kitaya, kandokando ya Mto Ruvuma, ambako Kimakonde hutawala mazungumzo ya nyumbani na kauli ya kungwi ina uzito kwa mwali, wanastahili pongezi za dhati watafiti na wauguzi wanaokaa mkekani na bibi, wakamuuliza kwanza yeye anavyompokea mtoto, na kuandika jibu lake bila kulikatiza.