Mashua Iliyoachwa Mawimbini
Mwaka 1895 Louis Lumière wa Ufaransa alipiga picha ya sinema isiyotimiza dakika moja, wala haina sauti. Mashua yatoka bandarini kwa makasia. Wanawake na watoto waitazama toka gatini. Mara wimbi laigeuza ubavu, na papo hapo utepe wakoma.

Mtu aweza kuuita ukomo huo upungufu. Kumbe ndio nguvu yake. Mwaka 1897 Georges Méliès aliyumbisha sitaha ya kuigiza, na mtazamaji akamstaajabia fundi. Hapa fundi hasahaulikani tu, bali moyo wabaki na wapiga makasia. Mtu wa Buzwagi, aliye mbali na bahari, huielewa picha hiyo: Kahama na Geita wamejua kumngoja aliyeshuka shimoni kutafuta dhahabu.