Burel na nuru yake maskini

Jina la Robert Bresson lajulikana. La Léonce-Henri Burel, Mfaransa aliyempigia picha filme nne, halitajwi sana. Huyu alikwisha kumpigia Abel Gance filme za fahari kama *Napoléon* (1927). Kisha, katika *Journal d'un curé de campagne* (1951), akakubali umaskini. Padri kijana mwenye kansa ya tumbo hawekewi nuru ya utakatifu, kama katika picha ndogo tunazotia ndani ya misale. Uso wake ni wa kijivu, kama mbingu ya kijiji chake, na kamera yamkaribia polepole, kama mtu aogopaye kumwamsha mgonjwa. Wengine wangetaka padri apambwe zaidi. Sisi twaona kinyume: angalipambwa, tusingalimsadiki.

Katika *Un condamné à mort s'est échappé* (1956) twatazama hasa mikono ya mfungwa, kijiko kilichonolewa, na mbao za mlango.

Kweli, kijivu hicho huchosha macho. Lakini padri wa kijiji anapokufa, hatuonyeshwi kitanda wala maiti: msalaba mweusi tu juu ya weupe, na sauti ikisoma barua ya rafiki yake.