Matuta ya Orkney: mkondo ulivyozibwa, barabara ikapatikana

Anayeendesha gari kutoka Mainland, kisiwa kikuu cha Orkney kaskazini mwa Scotland, hufika South Ronaldsay bila kupanda kivuko. Hupita juu ya matuta manne yanayounganisha visiwa vidogo vya Lamb Holm, Glimps Holm na Burray. Lakini matuta hayo yalijengwa kuziba bahari, na barabara ilikuja baadaye. Ubora wake na kasoro zake vyote vinatokana na nia hiyo ya kwanza.

Usiku wa kuamkia tarehe 14 Oktoba 1939, nyambizi ya Kijerumani U-47 ilipenya katika mlango wa Kirk Sound, ikazikwepa meli kuukuu zilizozamishwa hapo kama kizuizi, ikaingia Scapa Flow, maegesho makuu ya manowari za Uingereza. Iliizamisha manowari ya Royal Oak, na zaidi ya watu 800 wakafa. Winston Churchill, waziri aliyesimamia jeshi la majini, aliamuru milango ya mashariki izibwe kabisa. Kazi ilianza mwaka 1940.

Kina kilifika mita 18, lakini adui mkubwa alikuwa mkondo. Bahari ya nje na maji ya Scapa Flow hayajai wala kupwa kwa wakati mmoja, hivyo upande mmoja huwa juu kuliko mwingine, na maji hukimbilia milangoni kwa nguvu, hasa siku za bamvua. Tena, kila shehena ya mawe inayoshushwa huufinya mlango. Maji ni yaleyale, nafasi inapungua, kasi inapanda. Jiwe ambalo lingetulia mwanzoni mwa kazi husombwa mwishoni.

Wahandisi walijaribu mbinu zao kwanza kwa mfano mdogo katika maabara ya Chuo Kikuu cha Manchester. Kisha walitandaza kebo za chuma juu ya milango, wakawa wanashusha mawe kutoka angani badala ya kutegemea vyombo vinavyoyumbishwa na mkondo. Mawe ya machimbo ya visiwani yalifungwa ndani ya nyavu za waya, yaani gabioni, ili yaanguke na kukaa kama mzigo mmoja mzito. Kiini hicho kilimeza takriban tani 250,000 za mawe.

Juu yake ziliwekwa bloku za zege zipatazo 66,000. Zile za tani 5 zilifunika kiini. Zile za tani 10 ziliachwa ubavuni shaghalabaghala. Vurugu hiyo ilikusudiwa. Ukuta laini hulirudisha wimbi au kulipandisha likiwa na nguvu zake zote, ilhali mianya kati ya bloku hulipasua na kulimaliza nguvu.

Nguvukazi ilipopungua, mwaka 1942 waliletwa zaidi ya mateka 1,000 wa Kiitalia waliokamatwa Afrika Kaskazini. Mkataba wa Geneva wa 1929 ulikataza mateka kufanyishwa kazi za kivita, nao wakagoma. Wakaambiwa kwamba wanajenga njia ya kuwaunganisha wakazi wa visiwa. Hoja hiyo iliyotumika kuwarudisha kazini ndiyo iliyodumu: matuta yalifunguliwa rasmi Mei 1945, vita vya Ulaya vikiwa vimekwisha, na walioyahitaji walikuwa wakulima, wavuvi na wanafunzi.

Kama ukuta wa dharura, kazi hii inastahili heshima kubwa. Kama barabara, inalipa gharama ya kuzaliwa ukuta. Maji hayana pa kupita, kwa hiyo mchanga umejikusanya hadi kuifukia sehemu kubwa ya bloku za tuta la nne upande wa mashariki na kuumba ufuo mpya. Dhoruba za mashariki nazo huyarusha mawimbi juu ya barabara, hususan tuta la pili, mpaka ikabidi ifungwe.

Pwani yetu inalifahamu tatizo hilo. Mombasa iliishi miaka mingi na tuta la Makupa lililokatiza maji ya hori, hadi mwaka 2022 yalipofunguliwa madaraja mahali pake ili maji yapite tena. Orkney ilikuwa na sababu ya kuyazuia maji. Mhandisi wa barabara ya visiwani asiye na sababu hiyo ana wajibu wa kuyaachia njia tangu mchoro wa kwanza, kwa kuwa kulivunja tuta baadaye ni ghali kuliko kulitoboa mapema.