Kimya Jukwaani: Tamthilia za Robert Serumaga na Kumbukumbu ya Vita Tororo na Busia

Makala haya yanahakiki kazi mbili za Mganda Robert Serumaga, Renga Moi (1972) na Amayirikiti (1974), ili kubainisha namna kumbukumbu ya vita vya 1979 inavyoweza kuwasilishwa jukwaani katika miji ya mpakani ya Tororo na Busia.

Serumaga na kundi lake la Abafumi walikuza uigizaji wa majaribio chini ya utawala wa Idi Amin. Renga Moi inamhusu shujaa anayetakiwa kuongoza vita kabla ya kukamilisha matambiko ya watoto wake mapacha. Anaporejea, mapacha wameuawa. Tamthilia hiyo ilichanganya lugha kadhaa za Uganda. Amayirikiti iliacha maneno, ikategemea miili, miondoko na sauti. Kimya hicho kilimnyima mdhibiti sentensi ya kushtaki, nacho kikamwachia mtazamaji hofu yake aitambue mwenyewe. Hata hivyo kina udhaifu: maumivu yanaonekana, ila aliyeyasababisha hatajwi. Serumaga mwenyewe alijiunga na harakati za kumwondoa Amin, na mwaka 1979 akawa waziri katika serikali ya Yusuf Lule.

Machi 1979 waasi waliotokea Kenya walishambulia Tororo. Sehemu ya askari wa kambi iliasi ikaungana nao, kabla ya majeshi ya Amin kuwashinda. Kumbukumbu ya tukio kama hilo haimtenganishi kwa urahisi adui na mkombozi. Renga Moi inaifaa hali hiyo, kwa kuwa inauliza ni nani nyumbani hulipa gharama ya vita.

Hapa ndipo suala la lugha linapojitokeza. Busia, Kiswahili ni lugha ya biashara inayovuka mpaka; lakini kwa Waganda wengi kilihusishwa na askari. Amin alikitangaza lugha ya taifa mwaka 1973, na marekebisho ya katiba ya 2005 yakakipa nafasi ya lugha rasmi ya pili. Sera inayokisifu kuwa daraja bila kuitaja historia hiyo huwataka wahanga wasimulie machungu yao kwa lugha iliyowatisha.

Tunapendekeza kwamba miradi ya sanaa ya kumbukumbu mpakani ianze na mwili na kimya, ipokee Kidhopadhola, Kiteso na Kisamia, kisha Kiswahili kiingie kikiwa sehemu ya ushahidi. Kikiisha kuingia, kiseme kile ambacho Amayirikiti haikuweza kusema: nani alitenda.