Uso wa Lupita Uliopotelea Takodana

Mekapu ya kidijitali ni kazi ya kubadili sura ya mwigizaji kwa kompyuta baada ya picha kupigwa, na hufanyika kwa njia mbili. Kwa njia ya kwanza uso wake mwenyewe hubaki, ila hurekebishwa fremu baada ya fremu: mikunjo ya pembeni mwa macho hufutwa, ngozi ya shingo hukazwa, taya hunyooshwa. Hivyo ndivyo kampuni ya Lola ilivyowarudisha ujanani Patrick Stewart na Ian McKellen katika X-Men: The Last Stand ya mwaka 2006, na Samuel L. Jackson katika Captain Marvel ya mwaka 2019. Kazi ya Jackson ilikuwa safi. Kwa njia ya pili uso wa mwigizaji hauonekani kabisa. Hujengwa uso mwingine unaofuata mienendo ya ule wa kwanza. Mfano mkubwa wa njia hii unaoihusu Afrika Mashariki ni Maz Kanata, aliyeigizwa na Lupita Nyong'o katika Star Wars: The Force Awakens ya mwaka 2015, na ni mfano wa kipaji kilichotumiwa vibaya.

Lupita alizaliwa Mexico mwaka 1983 na kukulia Kenya. Watazamaji wengi wa ukanda huu walimfahamu kama Ayira wa Shuga, mwaka 2009, kabla Hollywood haijamsikia. Tarehe 2 Machi 2014 alipokea Oscar kwa nafasi ya Patsey katika 12 Years a Slave, na tarehe 2 Juni mwaka huohuo akatangazwa kuwa miongoni mwa waigizaji wa Star Wars. Muongozaji J.J. Abrams alimpa nafasi ya haramia mstaafu mwenye umri wa zaidi ya miaka 1,000, mmiliki wa kasri katika sayari ya Takodana, mhusika ambaye chimbuko lake ni Rose Gilbert, aliyekuwa mwalimu katika shule aliyosoma Abrams. Mwanamke aliyekuwa ndiyo kwanza anaingia miaka ya thelathini alitakiwa azeeshwe kupita kiasi cha binadamu yeyote.

Kazi ilikabidhiwa kampuni ya Industrial Light & Magic, chini ya usimamizi wa Roger Guyett. Mwigizaji wa namna hii huwekwa vidoti usoni na kuvishwa kofia yenye kamera ndogo zinazomtazama. Kamera hurekodi jinsi kila kidoti kinavyosogea: nyusi zikipanda, pua ikitanuka, mdomo ukikaza upande mmoja. Hesabu hizo huhamishiwa kwenye sanamu ya kompyuta. Ugumu uko kwenye kuhamisha. Umbali kati ya jicho na mdomo wa Lupita haulingani na ule wa Maz, kope hazilingani, mashavu hayalingani. Kadiri nyuso mbili zinavyotofautiana ndivyo mchoraji wa kompyuta anavyolazimika kukisia, na kila anapokisia, uigizaji huwa wake.

Kosa linaonekana wazi kwenye meza ya kasri. Finn, kijana anayeigizwa na John Boyega, anataka kukimbia vita. Maz anarekebisha lenzi za miwani yake, macho yanavimba nyuma ya vioo, kisha anapanda juu ya meza na kumwendea kijana huyo hadi nyuso zao zinakaribiana. Anamweleza kwamba aliyeishi muda mrefu kama yeye huona macho yaleyale yakijirudia kwa watu tofauti, na kwamba haya anayoyatazama ni macho ya mtu anayetaka kutoroka. Tukio zima limejengwa juu ya kutazamana. Hakuna bastola, hakuna chombo cha angani, hakuna muziki wa kuokoa jahazi. Pana macho ya watu wawili tu, na ya mmoja wao yametengenezwa kiwandani.

Uamuzi huo hauna utetezi. Waliokuwa na haki ya kumtumia mwigizaji aliyebeba nusu ya 12 Years a Slave kwa macho waliyaondoa macho hayo hasa katika tukio linalozungumzia macho. Wakaweka mengine makubwa kuliko ya kiumbe yeyote aliye mezani, na juu yake wakaweka vioo. Jicho la binadamu huzungumza kwa vitu vidogo: unyevu unaoongezeka kwenye ukingo wa kope, mboni inayocheza kidogo kabla ya neno kutoka, msuli mwembamba wa chini ya jicho unaokaza na kulegea. Jicho likikuzwa namna ile, msuli huo unabaki nyuma. Maz anakodoa, anapepesa, anapunguza upana wa kope. Ni ishara zinazosomeka toka mbali, kama za mcheza ngonjera jukwaani, na mtazamaji anaelewa anachoambiwa pasipo kukihisi.

Mpangilio wa picha unazidisha tatizo. Kamera inakwenda kwa Finn, kwenye ngozi halisi ya John Boyega yenye jasho halisi, inarudi kwa Maz, inakwenda tena. Kila mkato ni mtihani ambao uso wa kompyuta lazima ufaulu upya. Na kwenye meza hiyohiyo ameketi Harrison Ford, aliyezaliwa mwaka 1942, na mikunjo yake aliyoichuma mwenyewe. Uzee wa kweli umewekwa kando ya uzee wa kuundwa, katika fremu moja, chini ya taa moja. Ford hahitaji kufanya lolote. Akigeuza shingo tu, miaka yake yote inaonekana.

Lupita mwenyewe aliitetea nafasi hiyo. Alieleza kwamba baada ya filamu iliyohusu mwili wake kwa kiwango kile, kuigiza mahali ambapo mwili haukuwa jambo la kujadiliwa kulimpa uhuru. Hoja hiyo ni nzito na inastahili heshima. Lakini uhuru wa mwigizaji hauondoi wajibu wa wasanifu. Uso wa Maz ungeweza kusanifiwa upya ukabeba kitu cha Lupita, hata kama ni umbo la kope peke yake. Haukuachiwa chochote.

Kwamba iliwezekana si suala la kubahatisha, kwa sababu kampuni ileile ilikwishafanya. Mwaka 2006, katika Pirates of the Caribbean: Dead Man's Chest, Industrial Light & Magic ilimgeuza Bill Nighy kuwa Davy Jones, mwenye minyiri ya pweza mahali pa ndevu. Macho yalibaki ya Nighy kwa tabia na kwa mwendo, kiasi kwamba wapo waliodhani eneo la macho ni mekapu ya mkono. Kazi hiyo ilipata Oscar. Wataalamu wa Weta waliomtengeneza sokwe Caesar katika filamu za Planet of the Apes nao walifuata macho ya Andy Serkis. Kanuni ilikuwa inajulikana na imethibitishwa miaka tisa kabla ya Takodana.

Kabla ya kompyuta kuna Dick Smith, na hakuna aliyemfikia. Mwaka 1970 alimpaka Dustin Hoffman, kijana wa miaka thelathini na ushee, akawa mzee wa miaka 121 katika Little Big Man. Mwaka 1973 alimchukua Max von Sydow, aliyekuwa na miaka arobaini na kitu, akamfanya kasisi mkongwe wa The Exorcist kwa tabaka za mpira mwembamba zilizobandikwa juu ya ngozi iliyovutwa. Msuli wa mwigizaji uliusukuma mpira, na mpira ukakunjika pale msuli ulipotaka. Hakuna aliyesimama katikati kukisia. Von Sydow yumo pia katika The Force Awakens, mwanzoni kabisa, safari hii akiwa mzee kweli, kama Lor San Tekka. Aliyeziona filamu zote mbili anaweza kulinganisha uzee alioutabiri Smith na uzee uliokuja. Smith alikaribia mno.

Wapiga kura wa Oscar nao walisema lao. Katika tuzo za mwaka 2016 The Force Awakens iliwania tuzo ya athari za picha, ikashindwa na Ex Machina, filamu ndogo ambayo bajeti yake ilikuwa sehemu ndogo tu ya ile ya Star Wars. Humo Alicia Vikander ameondolewa tumbo, mikono na kisogo, vikawekwa waya na kioo. Uso haukuguswa.

Suala hili la nyuso za kompyuta huwa kali zaidi filamu inapofika kwa watazamaji wake wa kawaida. Katika miji ya Tanzania kama Kilosa, uliokua kandokando ya stesheni ya reli ya kati, na Mikumi, penye njia panda ya Ifakara kwenye barabara kuu ya Zambia, filamu haitazamwi kwenye ukumbi wa sinema. Hutazamwa kwenye kibanda umiza, kwenye runinga ya basi linalokatiza hifadhi kuelekea Iringa na Mbeya, au kwenye simu, kutoka faili lililobanwa ili filamu kumi zienee kwenye flashi moja. Programu ya kubana hutupa kwanza vitu vidogo: vinyweleo, vitundu vya ngozi, unyevu wa jicho. Ngozi ya kompyuta huaminika kwa vitu hivyohivyo. Wasanifu hutumia miezi kuiga jinsi mwanga unavyopenya ngozi, kutawanyika ndani na kutoka ukiwa umebadilika rangi, kisha faili lililobanwa linaufuta ustadi huo na Maz anabaki kinyago cha rangi ya chungwa. Mwili unaotembea hupona. Mabega, mwendo, namna ya kukaa kitini, vyote hufika Mikumi salama.

Ndiyo sababu The Irishman ya mwaka 2019 huporomoka kwenye runinga ya basi. Robert De Niro amevuliwa miongo kadhaa usoni, kisha akaachwa ampige muuza duka barabarani kwa magoti na mgongo wa mtu aliyepita miaka sabini. Kwenye kioo kidogo uso hauonekani vizuri. Kinachoonekana ni mzee akitafuta mizani kila anaporusha teke.

Kwa Maz kuna hasara ya ziada. Filamu nyingi za kigeni hupendwa vibandani zikiwa zimetafsiriwa, na tangu enzi za mtafsiri Lufufu msimulizi mmoja huzungumza kwa niaba ya wahusika wote. Utamaduni huo ni mzuri na umewapa watu wengi sinema ambayo wasingeipata. Lakini Lupita aliyekwisha kuondolewa uso na mwili alibakiwa na sauti tu. Msimulizi akiweka yake juu, huyu binti wa Kenya anayezungumza Kiswahili hayumo tena kwenye filamu inayoonyeshwa kwa Waswahili.

Bongo Muvi haina haki ya kucheka. Kwa miaka mingi imewazeesha vijana kwa poda nyeupe kichwani na ndevu za pamba, huku shingo ikiwa laini na hatua ikiwa ya mtu wa miaka ishirini na tano. Poda haikuwahi kumzeesha mtu. Marehemu Mzee Small, Said Ngamba, na marehemu King Majuto, Amri Athumani, walicheza kwa kiuno, kwa goti, kwa namna ya kuvuta pumzi kabla ya kufoka, na ndiyo maana kanda zao mbovu kuliko zote bado zinachekesha kwenye runinga yoyote. Joti wa Orijino Komedi ameurithi ufundi huo: bibi na mtoto wa shule hutoka kwenye uso mmoja, kwa kanga, sauti na mgongo.

Njia nyingine ya kuvuka miaka ni kutafuta mtu mwingine. Black Panther ya mwaka 2018, ambamo Lupita anaonekana kwa uso wake kama Nakia, inaanzia Oakland mwaka 1992, na mfalme T'Chaka kijana ameigizwa na Atandwa Kani, mtoto wa kumzaa John Kani anayemwigiza T'Chaka mzee. Taya ni moja, paji ni moja, na damu imefanya kazi ambayo ingewachukua wataalamu miezi. Zuri kijana amepewa Denzel Whitaker, asiye na undugu na Forest Whitaker anayemwigiza Zuri mzee, naye anatosha.

Machi 2019 ilitoka Us ya Jordan Peele, na Lupita akacheza wanawake wawili, Adelaide na Red, kwa uso wake uleule. Tofauti yao iko kwenye koo, kwenye shingo inayogeuka kwa mkupuo, na kwenye macho ambayo Red hayafumbi pale mtu angetarajia. Kila kitu alichonyimwa Takodana kimo humo, na bajeti yake ilikuwa kama dola milioni 20.

Maz, baada ya kuonekana kwa muda mfupi katika The Last Jedi ya mwaka 2017, alirudi Desemba 2019 katika The Rise of Skywalker akiwa kikaragosi chenye mota ndani ya uso, kilichotengenezwa na timu ya Neal Scanlan na kuwekwa mbele ya kamera pamoja na waigizaji wengine. Kilipigwa na taa zilezile zilizowapiga wao, na kivuli chake kiliangukia sakafu ileile. Sauti iliendelea kuwa ya Lupita. Uso haukuwa wake safari hiyo pia, lakini waundaji wa filamu walikuwa wamekwisha kuukana uamuzi wa mwaka 2015 kwa vitendo.